Chakula Kisichotiwa Chumvi

Mwanangu Rukia,

Najua hujalala. Mtu aliyelala hapumui kwa adabu namna hiyo. Lakini endelea kujifanya, nami nitaendelea kujifanya nashona, kwa sababu haya ninayotaka kukwambia siwezi kuyasema kwa mdomo. Kati yetu na chumba cha baba'ko pana ubao tu, na baba'ko ulimi umemfa lakini masikio yake ni mazima kuliko ya paka.

Barua hii nitaiweka chini kabisa ya mkoba wako, chini ya kanga. Usiisome melini mbele za watu. Isome ukishafika huko bara, ukishapewa kitanda chako na ukishajua anayelala kitanda cha pili ni nani. Pamoja nayo utakuta kifurushi cha kitambaa cheupe nimekifunga kwa uzi. Usikifungue kwanza. Na usiseme, "Mama huyo, kashanitilia hirizi." Si hirizi. Nitakueleza mwisho.

Habari za kuvaa, za kula, za kuswali kwa wakati, za nani umwamkie na nani umpite, hizo sikuandikii. Nimezisema miaka yote mpaka siku hizi unazimalizia wewe kabla yangu. Mimi nataka kukujibu swali. Wiki mbili nyuma ulikuwa jikoni na Bi Shuwena, jirani yetu wa chini, mkadhani niko msalani. Nikakusikia ukimwambia, "Bi Shuwena, mie naona nsende. Nani atamgeuza Baba?"

Sijapata usingizi wa maana tangu hapo. Baba'ko ni mtu wa mifupa mikubwa, upande wake wa kulia umelala, na asipogeuzwa mgongo unachubuka. Wewe unashika mabega, mimi nashika miguu. Kiuno changu unakijua. Ukienda wewe anabaki mtu mmoja kwa kazi ya watu wawili. Na nafasi ya kusomea uuguzi haiji mara mbili, hasa siku hizi ambapo hata mchele tunaupata kwa foleni. Ulikuwa tayari kuiacha na hukuniambia. Nilikasirika, kisha nikalia, kisha nikajiuliza: huyu amejifunza wapi kuficha? Nilikuwa najua alikojifunza.

Jibu la swali lako ninalo, ndiyo maana nimekusukuma uende bila ya kukueleza. Lakini nikikupa hivi hivi, bila ya wewe kujua lilikotoka, utadhani mama'ko amerukwa na akili. Kwa hiyo vumilia.

Mimi ni mtu wa kushuku. Si siri. Maziwa nayanusa kabla ya kuyalipa na baada ya kuyalipa. Mtu akisifu nguo yangu, nikifika nyumbani naifukiza ubani. Baba'ko zamani, mdomo ulipokuwa wake, alikuwa akiwaambia wageni, "Mama Rukia akitiwa peponi, atauliza kwanza funguo za mlango anazo nani." Watu wanacheka, nami nacheka, huku namtazama nani amecheka zaidi.

Watu wa umri wangu husingizia Mapinduzi. Wanasema tangu mwaka ule kila mtu alijifunza kutazama nyuma kabla ya kusema. Ni kweli. Tulijifunza kunong'ona, tukajifunza kubadilisha mazungumzo mgeni akikaa barazani. Lakini nisijidanganye, nilikuwa hivi tangu kwa mama'ngu. Wakati ule ulinikuta na tabia yangu tayari, kama mroho aliyealikwa karamuni.

Baba'ko alipoanza kwenda Paje kutengeneza karabai za wavuvi, nilijua kabla hajasema. Fundi wa karabai hakosi safari, kila kijiji kina taa inayovuja, lakini hakuna taa inayovuja kila wiki mahali pamoja. Alipomwoa Bi Mize nilinyamaza. Haki ilikuwa yake, na siku zake alizigawa sawasawa, huku na huko. Kila akirudi kwangu nilimuuliza swali moja: "Umekula nini?" Alidhani ni mapenzi. Nilikuwa natafuta kitu.

Sisi wa mjini tunawacheka watu wa shamba na tunawaogopa, yote mawili kwa pamoja. Tunasema wana mambo. Bi Mize ni mrefu, mikono migumu kwa kupiga makumbi na kusokota kamba, na ni mchache wa maneno. Mtu mchache wa maneno mimi humhesabu kuwa ana mengi anayoyaficha. Miaka yote hiyo sikuwahi kula kitu chake. Nazi alizotuletea nilizigawa kwa majirani, na majirani walipozila wakabaki wazima, nikasema basi hawakukusudiwa wao.

Mwaka mmoja jibu la baba'ko likabadilika. "Wali na mchuzi," akasema, "lakini maji matupu. Hauna chumvi." Safari ya pili vile vile, na ya tatu. Rukia, nilifurahi! Nilifurahi mpaka nikaona haya peke yangu. Nikasema, kumbe huko aliko hajui hata kupika. Basi kila akirudi kwangu anakuta ng'onda wa chumvi wa kukaanga, papa wa nazi, achari ya ndimu niliyoianika mwenyewe juani. Alikuwa akiitazama sahani kwanza, kidogo tu, kama mtu anayetazama njia kabla ya kuvuka. Kisha anakula, mpaka anaramba vidole, na mimi nimekaa mkabala naye nahesabu ushindi wangu.

Kichwa kilikuwa kikimuuma kisogoni asubuhi. Alikuwa akiomba kanga yangu ajifunge. Akiinuka ghafla, macho yanaingia kiza, anashika ukuta. Nilisema ni kijicho cha watu, nikafukiza. Hakuwahi kunipinga. Sasa najiuliza mtu anayejua anachoumwa, akifukizwa ubani na mkewe, huwa anafikiri nini katikati ya moshi ule.

Siku yenyewe unaikumbuka. Alikuwa amerudi kutoka Paje jana yake. Asubuhi akakaa mahali pake pa kazi, chini ya ngazi, na karabai ya watu wa harusi. Spana ikamtoka mkononi. Akainama kuiokota, mkono ukapita pembeni. Akainama tena. Wewe ukacheka ukasema, "Baba, unanchezea?" Alipoinua uso, mdomo ulikuwa umekwenda upande, na maneno aliyokuwa akiyatoa hayakuwa maneno. Najua unajilaumu kwa kicheko kile, nimekuona ukikikumbuka. Kiache. Hakuna mtoto anayemtazama baba'ke akafikiria mauti kwanza.

Bi Shuwena akapanda mbio. Hakuuliza ameangukaje. Aliuliza, "Jana kala wapi?"

"Paje," nikasema.

"Kwa mdogo?"

"Kwa mdogo."

"Basi, shoga'ngu," akasema, akajiketisha chini.

Hilo "basi" lake lilinitosha. Njia nzima ya kwenda hospitali nilikuwa simlilii baba'ko. Nilikuwa nakumbuka nazi.

Daktari akasema kiharusi. Mshipa wa damu kichwani umeziba, damu haikufika upande mmoja wa ubongo, na kilicholeta yote hayo ni presha. Kisha akaniuliza, "Vidonge alikuwa akimeza? Chumvi aliacha?" Nikamwambia mume wangu hajapewa vidonge wala hajakatazwa chumvi na mtu. Akanitazama kwa mshangao, akasema alimpima mwenyewe na akamwambia mwenyewe. Nikasema moyoni, huyu naye anajikinga. Nikamshuku na daktari.

Na sikuwa peke yangu katika kushuku. Tuliporudi nyumbani, akaja bwana mmoja wa mtaani, aliyejipa kazi ya kujua habari za watu. Alisikia kwamba Haji fundi karabai haongei, na siku zile mtu asiyeongea alikuwa na sababu. Akakaa kitandani, akazungumza kwa upole, na huku anazungumza akambana baba'ko kidole cha mkono wa kulia, kwa kucha, kwa nguvu. Baba'ko hakustuka. Mkono ulikuwa haumo tena katika hesabu zake. Yule bwana akaomba radhi akaenda zake. Nilimlaani mpaka akafika chini ya ngazi. Sikujua kwamba mimi nitafanya kibaya zaidi ya kile, na kwa mapenzi.

Polepole baba'ko akaanza kurudi. Unakumbuka? Maneno matatu. "Maji" lilikuja kwanza. Kisha "la." Kisha, siku moja umerudi skuli, ukiwa mlangoni bado na viatu, akasema "Ruki." Hukuweza kuingia ndani, ulishika mlango ukalia. Akawa akikuita kutwa, hata hana kazi nawe akakuita, na wewe unaitika "Naam, Baba" kila mara kama ndiyo mara ya kwanza. Sijapata kusikia nyumba yenye raha kama ile.

Ndipo Bi Mize akaja na bakuli.

Wewe ulikuwa skuli. Akapiga hodi, akavua viatu, akanipa mkono. "Bi mkubwa, nimemletea mgonjwa." Uji wa mchele wenye tui, na samaki mweupe aliyechambuliwa miiba yote. Nilingoja ashuke ngazi. Nikaonja kwa ncha ya kidole, kama ninavyoonja kila kitu.

Hakikuwa na chumvi. Hata chembe.

Rukia, umezaliwa kisiwa hiki. Chakula kisichotiwa chumvi hupikiwa nani? Hupelekewa mizimu kwenye mapango, na hiyo ndiyo karamu ya wanga, wachawi wa usiku. Mama'ngu alinifundisha hayo kabla ya kunifundisha kuswali. Kwa hiyo niliposikia ulimi wangu hauonji kitu, nywele zilinisimama. Nikasema, ndiye. Nimempata. Miaka yote baba'ko ananiambia cha kule hakina chumvi, na mimi nachekelea kwamba mwenzangu hajui kupika!

Nikamwita Bi Shuwena, naye akaonja, akatema. "Astaghafirullah," akasema. "Mpaka humu ndani kakileta?" Tukakimwaga. Bakuli nikaliosha kwa maji ya chumvi, na Bi Mize aliporudi siku ya pili nikampa mlangoni, limepinduliwa.

"Bi Mize," nikamwambia, "mume wangu hali vya mizimu."

Hakugombana. Alilitazama lile bakuli, akanitazama mimi. "Haya, bi mkubwa. Lakini nakuomba, chumvi usimpe." Akenda zake. Na mimi nikasema, loo, amejifunga kwa mdomo wake! Nani anayeogopa chumvi ila mwenye ubaya wake?

Kwa sababu chumvi, tunavyojua sisi, ndiyo inayovunja. Basi nikavunja. Nilitia chumvi pembe nne za chumba. Nilimtilia baba'ko kwenye uji, kwenye supu, kwenye maji ya kunywa nikatia mabonge mawili nikayakoroga. Ng'onda nilimtwanga mpaka akawa laini ili aweze kummeza. Na baba'ko akawa anageuza uso. Alifumba mdomo, akasema lile neno lake, "La. La." Alinishika mkono kwa mkono wake wa kushoto akausukuma. Nilikwenda kumuuliza mwalimu mmoja wa chuo cha Kurani, si kwa kumweleza yote, nikamwambia tu mgonjwa anakataa chakula. Akasema tumwombee dua. Bi Shuwena yeye alikuwa na jibu bora zaidi. "Si yeye anayekataa," akasema. "Ni lile lililomo ndani yake. Shetani hapendi chumvi." Kwa hiyo kila alipokataa nilizidi kuamini dawa yangu, na nikazidisha. Nilimshika kidevu, Rukia. Nilimlisha kama kuku anayenoneshwa.

Hayo hukuyaona. Ulikuwa ukirudi unakuta sahani safi na mama'ko mwenye imani.

Haikupita muda, akalala na maneno yake matatu, akaamka hana hata moja. Kiharusi cha pili. Unajua tangu siku ile hajakuita tena. Uliniuliza mara nyingi, "Mama, mbona alikuwa anapona?" Nikawa nakujibu, ni kudra ya Mungu. Ni kudra, sikatai. Lakini nilikuwa nimeshika kijiko.

Wodini safari ile ya pili, Bi Mize akaja akakaa upande wa pili wa kitanda, chini, juu ya mkeka. Hatukusemeshana. Nilikuwa natazama mikono yake kila inapokwenda. Chakula kikaletwa, muuguzi akaanza kumlisha, na baba'ko akala. Akala chote, taratibu, bila kugeuza uso. Nikaomba nionje. Hakikuwa na chumvi.

Nikamuuliza yule muuguzi, "Kwani humu mnampikia nani, mizimu?" Alicheka mpaka kijiko kikamtikisika. "Bibi," akasema, "mwenye presha hali chumvi. Hukuambiwa?"

Hapo Bi Mize akazungumza, kwa sauti ndogo, kama anayeona haya kwa niaba yangu. "Mwenyewe alinambia tangu mwaka ule alipopimwa. Daktari kamwambia, wewe fundi, karabai ukiipampu kila siku ukazidisha, inakuwaje? Kamjibu, hupasuka utambi, au tundu ya mafuta huziba. Daktari kasema, basi mishipa ya kichwa chako ndivyo ilivyo, na chumvi nayo inapampu. Tangu siku hiyo kwangu hali chumvi. Vidonge vyake vipo kwangu, kwenye kikapu. Akija humeza. Akirudi huku haji navyo."

"Mbona hakunambia mie?" nikasema. "Mie si mkewe?"

Bi Mize akaikunja ncha ya kanga yake, akaikunjua.

"Nambie," nikasema.

"Kasema, 'Nikimwambia Mama Rukia naumwa, ataniuliza nimekula wapi.'"

Mwanangu, nimepata kutukanwa, nimepata kuletewa mke mwenza, nimemzika mama'ngu. Sijapata kuumia kama nilivyoumia kwa maneno yale, na hayakusemwa kwa ubaya. Yeye baba'ko yuko pale pale kitandani, ananitazama kwa macho yake mazima, anasikia. Kiharusi kilimfunga mdomo asubuhi moja. Mimi nilikuwa nimeshamfunga zamani. Mtu ana ugonjwa unaoweza kumwua, na anakula sumu yake kwenye sahani yangu akiramba vidole, kwa sababu kula ni rahisi kuliko kujibu maswali yangu.

Daktari alisema huenda kiharusi cha pili kingekuja tu, hata bila ya mkono wangu. Nimemshuku tena, safari hii kwa huruma zake. Sitajua mpaka kiyama, na nimekubali kutojua.

Usidhani nilimwomba radhi Bi Mize. Laiti ningekuwa mtu wa namna hiyo. Nilichofanya ni kutomfukuza tena. Akawa anakuja siku mojamoja na bakuli, anaacha mlangoni, nami namlisha baba'ko. Bakuli nalirudisha limesimama. Huo ndio ulikuwa msamaha wangu wote, wewe unaweza kuupima. Nyumba iliendelea kwa mabega yako na kiuno changu, na nilikuwa nikijiambia tunatosha.

Sasa nikwambie kuhusu kazi unayokwenda kujifunza, maana hapo nina haki ya kusema. Utakutana na mimi huko. Nitakuwa na jina jingine na kanga nyingine, nitakuwa nimekaa pembeni ya kitanda cha mtu wangu, na chumvi nimeifunga kwenye pindo. Utaniona mjinga. Usinicheke, hata kama yule muuguzi alinicheka bila ya ubaya. Ukinicheka nitaificha mahali pazuri zaidi. Niulize naogopa nini. Nitakudanganya kwanza. Niulize tena kesho. Na mgonjwa akikwambia chakula cha nyumba fulani hakina ladha, usikimbilie kufurahi wala kusikitika, muulize kwa nini. Mimi sikuuliza. Nilikuwa na swali moja tu maisha yangu yote na nililirusha upande usiokuwa wake.

Wala sikwambii uache kushuku. Hutaweza, damu yangu unayo, na dunia yenyewe inahitaji jicho. Ila ukishuku, anzia kwenye chungu chako. Na kwa kuwa damu ya baba'ko nayo unayo, siku shingo ikikuuma asubuhi usijifunge kanga. Kapimwe.

Sasa jibu.

Wiki iliyopita nilikwambia nakwenda mazikoni Kidichi. Sikwenda Kidichi. Nilipanda gari la Paje. Nilimkuta Bi Mize uani, anapiga makumbi. Akaniona, nyundo ikabaki juu. Alidhani nimemletea msiba.

"Yu hai," nikamwambia upesi. "Endelea na kazi yako, nitangoja."

Hakungoja. Akaosha mikono, akaniwekea mkeka, akapakua. Wali na mchuzi wa samaki. Nikakaa mbele ya sahani. Sikuweza kunyoosha mkono, Rukia. Najua yote niliyokwisha kukuandikia hapa, na bado mkono ulikataa. Nilikuwa namngoja aanze yeye. Akajua. Mwanamke yule anajua kila kitu, ndiyo maana nilimwogopa. Alicheka kidogo, akanyoosha mkono mpaka upande wangu wa sahani, mbele yangu kabisa, akachukua tonge pale pale akala.

"Haya, bi mkubwa," akasema, "sasa ngoja uone kama nitakufa."

Tulicheka mpaka machozi. Kisha mimi machozi yakaendelea baada ya kicheko kwisha, na nikala huku nalia. Hakina chumvi, mwanangu. Kibaya kweli. Nikala sahani nzima.

Nikamwambia, "Rukia amepata nafasi ya uuguzi na hataki kwenda. Baba'ke hana wa kumgeuza. Njoo ukae kwangu. Njoo na vidonge, njoo na kikapu, njoo na bakuli lako."

"Nikae wapi?"

"Kitanda cha Rukia."

Akaisogeza sahani kando. "Nnakuja," akasema. "Lakini jiko nishike mie."

Unajua jiko langu. Unajua hata mama'ngu mzazi hakupata kufunua chungu changu. Nikasema haya.

Anakuja kesho, gari la mwanzo. Inawezekana mkapishana ngazini kabla hujasoma haya, nami nitakunong'oneza umpokee kikapu na umwambie shikamoo, mama. Baba'ko nimemwambia habari hii jioni, wewe ulipokwenda kuaga wenzako. Alinitazama kwa muda, jicho moja limekunjamana, ananipima. Alinishuku! Haki yake. Kisha ile nusu ya mdomo iliyo hai ikacheka. Bi Shuwena sijamwambia. Atauliza nimelishwa nini Paje, nami nitamwambia: wali na mchuzi.

Sasa kifungue kile kifurushi.

Ni chumvi. Yote iliyokuwamo ndani ya nyumba hii, nimekwangua mpaka kwenye kopo. Kule utakuwa na watu wazima wa afya, itie kidogo kidogo, na wenzako wape. Humu ndani sitaki ilale hata usiku mmoja zaidi. Si kwa sababu ya Bi Mize. Yeye nimekwisha kumwamini, isipokuwa siku mojamoja, na siku hizo nitajua la kufanya na nafsi yangu. Ninaoushuku ni mkono wangu. Siku baba'ko atakapopata homa, siku nitakapoogopa, mkono huu utatafuta chumvi wenyewe gizani kabla sijakumbuka. Nataka ukitafuta uikose.

Pumua vizuri sasa, ulale kweli. Nenda, mwanangu. Baba'ko atageuzwa.

Mama'ko